Kamera za Miradi Zimetuchosha

Ukiona kamera imeshuka Homa Bay, jua hadithi iliandikwa kabla gari halijatoka Nairobi. Itakuwa ni jaboya, UKIMWI au mayatima. Migori nako ni vijana wa machimbo ya dhahabu kule Macalder. Hayo yote yapo, sikatai. Shida ni kwamba ndani yake sisi huwa mifano tu, hatuwi watu.

Ndiyo maana nawasihi mtazame Yellow Fever, filamu fupi ya Ng'endo Mukii. Aliitengeneza mwaka 2012 akisoma Royal College of Art, London, na haifiki hata dakika kumi. Mada ni mkorogo. Si tunaujua? Uso umeng'aa, vidole vimebaki vyeusi.

Mtu wa mradi angeleta daktari atuhesabie madhara ya zebaki. Mukii anaanza na watu wa kwao: mama yake, binti mdogo wa familia, na kumbukumbu za saluni. Michoro ya mkono inachanganyika na miili ya wachezaji inayojipinda na kushtuka, kama vile ngozi yenyewe imewabana. Hakuna anayechekwa, hakuna anayehubiriwa. Lakini yule mtoto anapoeleza hamu yake ya kuwa mweupe, unanyamaza tu. Unajiuliza nani alimfundisha.

Mukii ana hoja moja kali: picha nyingi za Mwafrika zilizopigwa na wageni ni kama mnyama wa makumbusho, aliyekaushwa na kujazwa pamba. Anafanana na aliye hai, ila hapumui. Kwake, uhuishaji ni njia ya kuurudishia mwili ule pumzi.

Najua kuna wasee watasema haya majaribio ni ya watu wa Westlands, huku kwetu tunataka DJ Afro. Sawa, lakini DJ Afro anafanya nini? Anachukua sinema ya mbali, anaimwagia sauti ya nyumbani, inageuka kitu kingine kabisa. Hilo pia ni jaribio, na hakuna aliyewahi kulalamika kwamba haelewi.

Kwa hivyo wewe uliye Rongo, Mbita au Sori na simu yenye kamera, mbona unangoja mfadhili akupe mada? Ukingoja doh yake, utapiga picha ya huzuni aliyoiagiza. Mrekodi dani wako akieleza kwa nini aling'oa meno ya chini, au kwa nini alikataa. Chora usichoweza kupiga picha. Sauti iende upande wake, picha upande wake, kama ndivyo unavyokumbuka.

Isipoeleweka mara ya kwanza, si hoja. Mradi watu walio ndani yake wana majina, na wanapumua.