Kidhibiti Kipya, Mchezo wa Zamani: Nani Aliyesema Haiwezekani?

Katika vibanda vya michezo ya video vilivyoenea mijini kwetu, ambamo vijana hulipa fedha kidogo ili wacheze mpira wa miguu kwenye televisheni, huulizwa swali ambalo sisi walimu wa sayansi hatujalitilia maanani. Kidhibiti cha mashine, yaani kile chombo chenye vitufe kishikwacho kwa mikono miwili, ambacho vijana hukiita pedi, aghalabu huchakaa kabla ya mashine yenyewe. Mwenye kibanda aliye na PlayStation 4 hukiona dukani kidhibiti kipya cha PlayStation 5, akauliza: je, nikikinunua hiki, kitachezesha michezo yangu ya zamani kwenye mashine yangu? Jibu apewalo ni fupi. Haiwezekani, hiki ni cha kizazi kingine.

Nataka kulichunguza neno hilo "haiwezekani". Nashikilia kwamba mwanafunzi wa sayansi hapaswi kulipokea kabla hajajua limetoka wapi. Huenda limetoka katika maumbile yenyewe, na hapo hakuna awezaye kulitengua. Huenda limetokana na vyombo viwili kutoelewana lugha, jambo ambalo hutatuliwa na mkalimani. Na huenda limetoka kwa bawabu aliyewekwa mlangoni, ambaye anakujua vizuri lakini ameagizwa asikufungulie.

Najua wapo wenzangu vyuoni watakaokunja uso wakiona jarida la sayansi limepoteza karatasi kwa ajili ya michezo ya watoto. Mimi siwaungi mkono. Mwanafunzi wa kidato cha tatu ambaye hataki kusikia habari za saketi atakaa saa nzima akisikiliza kwa nini pedi yake haifanyi kazi, na mwalimu anayeidharau saa hiyo amejinyima mwenyewe.

Tuanze na mfano ulio wazi kuliko yote. Kampuni ya Nintendo ilitoa mashine yake ya Famicom huko Japani mwaka 1983, na mwaka 1985 ikaiuza Marekani kwa jina la NES. Kidhibiti cha NES kilikuwa na vitufe vinane tu ukihesabu pande nne za msalaba wa kuongozea: juu, chini, kushoto, kulia, halafu A, B, Select na Start. Njia iliyo rahisi kufikiriwa ingekuwa kupeleka waya mmoja kwa kila kitufe. Wahandisi hawakufanya hivyo. Ndani ya kidhibiti waliweka chipu moja ndogo ya aina ya 4021, ambayo kazi yake ni kupokea hali ya vitufe vyote vinane kwa mara moja, kisha kuitoa kimoja baada ya kingine katika waya mmoja. Kwa hiyo nyaya zilizohitajika zilikuwa tano tu: waya wa volti 5, waya wa ardhi, waya wa kuamuru "shika", waya wa kuamuru "sogeza", na waya wa kurudisha majibu.

Mashine hutuma mpigo wa umeme katika waya wa "shika", na chipu huipiga picha hali ya vitufe kama ilivyo wakati huo. Jibu la kitufe A hujitokeza papo hapo katika waya wa majibu. Kisha kila mpigo wa "sogeza" huleta jibu la kitufe kinachofuata: B, Select, Start, juu, chini, kushoto, kulia. Mfano wake ni foleni ya watu wanane mbele ya dirisha la karani. Karani hamwoni mtu mwingine ila yule aliye mbele yake, na kila akigonga kengele, foleni husogea hatua moja. Karani wa NES hugonga kengele mpaka awamalize wanane, hufunga dirisha, na hurudia kazi hiyo yote mara 60 hivi kwa sekunde.

Mwaka 1990 Nintendo ilitoa mashine mpya huko Japani, ambayo Marekani ilifika mwaka 1991 kwa jina la Super NES. Kidhibiti chake kilikuwa na vitufe 12. Plagi ilibadilishwa umbo, hata mtu akitaka kuichomeka katika mashine ya zamani haingii. Mnunuzi wa kawaida akasema kama asemavyo mwenye kibanda wetu: hiki ni cha kizazi kingine. Lakini mtu aliyefungua plagi hizo mbili na kuzifuata nyaya zake alikuta jambo la kushangaza. Volti ni 5 zilezile. Nyaya ni tano zilezile. Amri ya "shika" na amri ya "sogeza" ni zilezile. Kilichobadilika ni kwamba foleni imerefushwa kutoka watu wanane hadi nafasi 16, na nne za mwisho hazina mtu.

Na hao wanane wa mwanzo ni nani? Ni B, Y, Select, Start, juu, chini, kushoto, kulia. Linganisha na orodha ya NES. Ukiziunganisha zile nyaya tano, waya kwa waya, bila chipu yoyote katikati, kidhibiti cha Super NES huchezesha michezo ya NES ya mwaka 1985 bila kasoro. Kitufe B hufanya kazi ya A ya zamani, na Y hufanya kazi ya B. Vitufe A, X, L na R hubaki kimya, kwa sababu karani wa zamani amekwisha kufunga dirisha kabla zamu yao haijafika. Hata kidole gumba hakisumbuki, kwa maana Y na B zimekaa jirani katika kidhibiti kipya kama B na A zilivyokuwa jirani katika kile cha zamani. Siamini kwamba mpangilio huo ulijipanga wenyewe. Basi "haiwezekani" ya Super NES ilikuwa ni umbo la plastiki tu.

Mfano wa pili ni wa kutahadharisha. Mashine ya Atari iliyotoka mwaka 1977 ilitumia plagi ya pini tisa, na mpini wake wa kuchezea ulikuwa na swichi tano: pande nne na kitufe kimoja cha kufyatulia. Plagi hiyo iliigwa na wengi. Kompyuta ya Commodore 64 ya mwaka 1982 iliitumia, na Sega nayo ikaitumia katika mashine yake ya Mega Drive, iliyotoka Japani mwaka 1988. Chukua kidhibiti cha Sega ukichomeke katika Atari, chombo kilichokizidi umri kwa miaka 11: pande nne zitafanya kazi, na kitufe B kitafyatua. Ukifurahi kwa hayo ukaenda kukichomeka moja kwa moja katika Commodore 64, unaweza kuiharibu. Ndani ya kompyuta hiyo, nyaya za mpini zinashirikiana na nyaya za kibodi. Mpini wa Atari ni swichi tupu, ambazo huunganisha waya na ardhi au huuachia. Kidhibiti cha Sega kina chipu ambayo husukuma volti katika nyaya zile, na chipu ya Commodore inapousukuma waya uleule upande wa pili, umeme hupita pasipostahili kupita. Plagi zimefanana, nyaya zinagusana, lakini mapatano si yale.

Ndiyo maana nasema swali la kuuliza si "je, inaingia?" bali "je, vyombo hivi vimepatana nini?" Mwanafunzi aliyeielewa mifano hii miwili hatadanganyika na umbo la plagi, liwe la kukataza au la kukaribisha.

Sasa turudi kwa mwenye kibanda. PlayStation 4 ilitoka mwaka 2013, na PlayStation 5 mwaka 2020. Kidhibiti cha mashine mpya kina kila kilichokuwamo katika kile cha zamani: vijiti viwili vya kidole gumba, vitufe vyote, kibao cha kugusa, vihisi vya mwendo na spika. Zaidi ya hayo kimeongezewa mtetemo wa namna mpya na vichochezi viwezavyo kukaza vidole vya mchezaji. Vidhibiti vyote viwili huzungumza kwa waya wa USB na kwa redio ya Bluetooth. Kadhalika, ukiichukua michezo ya PlayStation 4 ukaicheza ndani ya PlayStation 5 kwa kidhibiti kipya, inachezeka vizuri kabisa, na kampuni ya Sony yenyewe imeruhusu hivyo. Lakini kichukue kidhibiti hichohicho ukiunganishe na PlayStation 4, na mchezo uwe uleule: mashine haikipokei. Mchezo haukubadilika, wala kidhibiti hakikubadilika. Kilichobadilika ni sanduku lililo katikati, na katika sanduku hilo kinachokosekana si kipande cha chuma bali ni kurasa chache za programu za kumtambua mgeni. Vipo vifaa vidogo vilivyotengenezwa na watu wengine ambavyo huchomekwa hapo katikati vikatafsiri, na kazi ikafanyika. Mkalimani ametosha.

Kwa upande wa pili, yaani kidhibiti cha zamani na mchezo mpya, haki inatutaka tuseme kwamba Sony ina hoja. Mwezi Agosti 2020 ilitangaza kwamba michezo ya PlayStation 5 itahitaji kidhibiti kipya, kwa kuwa imetungwa kwa ajili ya mitetemo na vichochezi ambavyo kile cha zamani hakina. Hapo kweli kuna kitu kinachokosekana. Kupanda ni kugumu kuliko kushuka, kwani chombo kipya kinabeba mambo ya chombo cha zamani ndani yake, na cha zamani hakiwezi kubeba ambayo hayajabuniwa. Hata hivyo hoja hiyo ina tundu. Mtu akiicheza michezo hiyohiyo ya PlayStation 5 kutoka mbali, kupitia kompyuta yake, kwa programu ya Sony yenyewe, kidhibiti cha zamani hukubaliwa. Nadhani bawabu ameonekana.

Huenda msomaji akasema kwamba kampuni haina wajibu wa kuihangaikia mashine ambayo imekwisha kuiuza. Kuandika programu kuna gharama, kuijaribu kuna gharama, na kupokea malalamiko kuna gharama. Nakubali. Lakini Microsoft ilitoa mashine yake mpya ya Xbox mwaka huohuo wa 2020, na kidhibiti chake hufanya kazi katika Xbox One ya mwaka 2013, na cha 2013 hufanya kazi katika ile mpya. Wahandisi ni binadamu walewale na fizikia ni ileile. Kampuni moja iliamua hivi, nyingine ikaamua vile.

Uamuzi huo unatugusa sisi zaidi kuliko unavyomgusa mteja wa London au Tokyo, maana kwetu mashine huishi maisha ya pili na ya tatu. Vijiti vya vidhibiti vingi husoma mwendo kwa brashi ndogo inayosugua utepe wa kaboni, ukinzani ukibadilika kadiri brashi inavyosogea. Utepe hulika, na siku moja mchezaji kwenye kioo huanza kutembea peke yake ilhali hakuna aliyemgusa. Hilo nalo halikulazimika kuwa hivyo. Sega ilitumia sumaku na vihisi vinavyotegemea kanuni ya Edwin Hall ya mwaka 1879, ambavyo havisuguani na kitu, katika kidhibiti cha mashine yake ya Dreamcast ya mwaka 1998. Pale kidhibiti kinapokufa na badala yake kukataliwa, mashine nzima hufuata jalalani. Ripoti ya Umoja wa Mataifa ya mwaka 2024 ilikadiria kwamba taka za vifaa vya umeme duniani zilifikia tani milioni 62 katika mwaka 2022, na kwamba chini ya robo yake ndiyo iliyothibitishwa kukusanywa na kurejelezwa.

Serikali si kwamba hazina uwezo. Umoja wa Ulaya ulipitisha sheria mwaka 2022 iliyolazimisha, kuanzia mwisho wa mwaka 2024, simu na hata mashine za michezo za kushika mkononi zitumie soketi ya aina moja ya kuchajia. Makampuni yaliyosema kwamba jambo hilo lingezuia ubunifu yamelitekeleza. Sisi nasi tulikwisha kuchagua plagi ya ukutani ya pini tatu bapa, na hakuna anayeuza pasi akadai kwamba pasi yake ni ya kizazi kingine. Sioni kwa nini mashirika yetu ya viwango yasitake, angaa kwa vifaa vinunuliwavyo kwa ajili ya shule, kwamba mapatano ya mawasiliano yao yaandikwe wazi, ili fundi wa kwetu aweze kumtengeneza mkalimani.

Kwa walimu wa kidato cha tano na cha sita watakaopenda kulijaribu jambo hili, chipu ya 4021 bado inatengenezwa, na bei yake ni ndogo. Ipeni volti 5, wekeni swichi nane zenye vikinza vyake, na someni waya wa majibu kwa voltimita huku mpigo wa "sogeza" ukitolewa kwa mkono. Kumbukeni kwamba katika kidhibiti cha NES kitufe kilichobonyezwa husomeka kama volti sifuri, si volti 5. Wanafunzi watagundua upesi kwamba hesabu yao inaruka: wamebonyeza mara moja, foleni imesogea mara tatu. Wasiilaumu chipu. Bamba la swichi ya kawaida hudundadunda linapogusana, na kila mdundo ni mpigo mmoja. Swichi ya njia mbili pamoja na malango mawili ya NAND yaliyounganishwa kwa kukingamana huondoa kasoro hiyo, na malango hayo yamo tayari katika somo lao la elektroniki.