Waliomuua Lumumba Wana Majina

Jina la Patrice Lumumba, waziri mkuu wa kwanza wa Kongo, limezoeleka mno huku kwetu. Dar es Salaam kuna Mtaa wa Lumumba, ambako CCM ina ofisi yake ndogo, kiasi kwamba mtu akisema "Lumumba wameshaamua" hana habari na marehemu. Anawasema wakubwa wa chama. Zanzibar kuna shule, Kampala kuna barabara, Makerere kuna bweni. Lakini muulize yeyote kijiweni nani alimuua, atakujibu kabla hujamaliza swali: mabeberu. Mabeberu gani? CIA. Ukizidi kubana unaambiwa hayo ni mambo mazito, wenye dunia yao ndio wanaojua.

Mabeberu walikuwepo, sibishi. Ninachobisha ni kulitumia jina hilo kufungia mjadala. Mauaji ya Januari 17, 1961 yameacha telegramu, madokezo ya ofisini, ushahidi wa kiapo na ripoti mbili za mabunge. Basi nichambue madai yanayorudiwa kila siku, moja baada ya jingine.

La kwanza na kubwa: CIA ndio waliomuua. Kwamba walitaka kumuua, hilo halina ubishi. Agosti 26, 1960 mkurugenzi wao, Allen Dulles, alimpelekea telegramu Larry Devlin, mkuu wa kituo cha Léopoldville, Kinshasa ya leo, akimweleza kuwa kumwondoa Lumumba ni kazi ya haraka na ya kwanza. Mwezi uliofuata akateremka mkemia wa shirika, Sidney Gottlieb, akijiita Joe kutoka Paris. Mzigo wake ulikuwa na sumu, glavu za mpira, barakoa na bomba la sindano. Sumu hiyo ilitakiwa ipenyezwe kwenye kitu chochote ambacho Lumumba angetia kinywani, chakula au mswaki.

Ikashindikana. Devlin hakumpata mtu wa kumfikisha jikoni wala bafuni kwa Lumumba. Sumu ikafungiwa kwenye sefu ikipoteza nguvu, na Devlin alieleza baadaye kuwa aliitupa Mto Kongo. Novemba likaletwa jambazi kutoka Ulaya, kwenye makaratasi likiitwa QJ/WIN. Desemba akaja wa pili, WI/ROGUE, mghushi wa nyaraka aliyewahi kuiba benki. Huyu alikuwa amefanyiwa upasuaji wa uso na kuvishwa nywele za bandia ili Wazungu waliokuwa wakipita Kongo wasimtambue. Hakuna aliyewaambia wawili hawa kwamba wanalishwa na bosi mmoja. Kwa hiyo WI/ROGUE, akiwa na pupa ya kuonekana mchapakazi, alimwendea QJ/WIN na kumtaka ajiunge na kikosi chake cha mauaji kwa dola 300 kwa mwezi. QJ/WIN akaenda kumshtaki kituoni.

Hao ndio tunaoambiwa wanaiendesha dunia gizani.

Kamati ya Seneti ya Marekani iliyoongozwa na Frank Church, iliyoyaanika haya Novemba 1975, haikuona ushahidi kwamba CIA ilishiriki katika kuua kwenyewe. Watetezi wa Washington hushangilia wakifika hapo, nao wanawahi mno. Fedha za CIA zilikuwa zikiingia kwa mkuu wa jeshi la Kongo, Mobutu, na watu wake. Januari 14, 1961 Devlin alipata habari kwamba Lumumba, wakati huo mfungwa wa Mobutu, atahamishiwa Bakwanga, ngome ya adui yake Albert Kalonji, mahali ambapo kila mtu alijua atakuta nini. Hakunyanyua mkono kuzuia. Ndege iliyomchukua ikaishia Elisabethville, Lubumbashi ya leo, na siku mbili baada ya mauaji ofisi ya CIA ya huko ikatuma ujumbe wa kejeli, ikishukuru kwa kuletewa Patrice na kutania kwamba kama wangejua anakuja wangemwokea nyoka. Yaani walikuwa katika mji ule ule na hawakuwa na habari ya ujio wake. Kula njama ya kuua walikula, na mlango waliuacha wazi makusudi. Waliofyatua risasi ni wengine.

Wapo wanaowataja Waingereza, hasa Daphne Park, aliyekuwa jasusi wa MI6 Léopoldville. Mwaka 2013 David Lea, mjumbe wa Baraza la Malodi, aliandika kwenye London Review of Books kwamba Park alimwambia, wakinywa chai, kuwa yeye ndiye aliyepanga. Park alikuwa amefariki mwaka 2010. Maneno ya mtu mmoja juu ya marehemu asiyeweza kujibu hayatoshi kujengea kesi. Uzito zaidi uko kwenye dokezo la Septemba 1960 la afisa wa Wizara ya Mambo ya Nje ya Uingereza, Howard Smith, aliyependekeza bila kupepesa macho kwamba njia mojawapo ya kumwondoa Lumumba ni kumuua. Miaka ya baadaye Smith alipanda hadi kuwa mkuu wa MI5. Dokezo linaonyesha nia. Tendo halionyeshi.

Dai la tatu ndilo linaloniudhi, maana limevaa nguo za uungwana: eti yalikuwa mambo ya Wakongo wenyewe, ukabila na visasi, wageni walisimama pembeni. Serikali ya Katanga, jimbo la Kongo lililokuwa limejitenga, ndiyo iliyoanza wimbo huo. Februari 13, 1961 waziri wake wa mambo ya ndani, Godefroid Munongo, alitangaza kuwa Lumumba na wenzake wawili, Maurice Mpolo na Joseph Okito, walitoroka kizuizini wakauawa na wanakijiji. Kijiji chenyewe hakikutajwa.

Tuanzie Brussels. Oktoba 6, 1960 waziri wa mambo ya Afrika wa Ubelgiji, Harold d'Aspremont Lynden, aliandika kwenye telegramu kwamba lengo ni kumwondoa Lumumba moja kwa moja, asirudi tena. Wapo wanaosema alimaanisha kumwondoa kisiasa. Haya, tukubali. Januari 16, 1961 waziri huyo huyo alituma ujumbe Elisabethville kusisitiza kwamba Moïse Tshombe, rais wa Katanga, ampokee Lumumba bila kuchelewa. Ubelgiji haikuwa imeitambua Katanga kama nchi, lakini maafisa wake ndio waliokuwa wakiendesha jeshi, polisi na ofisi za Tshombe.

Kesho yake ndege ya DC-4 iliruka kutoka Moanda na wafungwa watatu. Askari waliowasindikiza walichaguliwa kutoka Waluba wa Kasai, watu waliokuwa na kinyongo na Lumumba kwa mauaji yaliyofanywa na jeshi la serikali yake Bakwanga, Agosti 1960. Kipigo kilikuwa kikali kiasi cha kuiyumbisha ndege angani, na marubani, Wazungu, baada ya kulalamika walifunga mlango wa chumba chao. Kiwanja cha Luano kilikuwa na askari wa Umoja wa Mataifa kutoka Sweden. Waliwaona wafungwa wakiteremshwa. Hawakufanya kitu.

Wakapelekwa nyumba iliyojulikana kama Villa Brouwez, wakapigwa tena, mawaziri wa Katanga wakiingia na kutoka. Usiku, kabla ya saa nne, msafara wa magari ulisimama porini, kiasi cha kilometa 50 nje ya mji. Kamishna wa polisi Frans Verscheure, Mbelgiji, aliwatoa wafungwa mmoja mmoja hadi kwenye mti. Kapteni Julien Gat, Mbelgiji, ndiye aliyekisimamia kikosi cha kupiga risasi. Tshombe na baadhi ya mawaziri wake walisimama wakiangalia. Siku zilizofuata afisa mwingine wa polisi wa Kibelgiji, Gerard Soete, alifukua maiti, akazikatakata na kuziyeyusha kwenye tindikali. Meno kadhaa akabaki nayo kama ukumbusho.

Huko ndiko kusimama pembeni. Tume ya Bunge la Ubelgiji, mwaka 2001, ilisema baadhi ya mawaziri wa wakati ule wanabeba dhamana ya kimaadili. Neno laini hilo, limeoshwa na wanasheria.

Lakini anayesema "mabeberu" na kunyamaza naye ana watu anaowaficha. Mobutu ndiye aliyemkamata Lumumba baada ya kutoroka kizuizini Novemba 27, 1960, akamfungia Thysville. Victor Nendaka, mkuu wa usalama wa Léopoldville, ndiye aliyeratibu safari ya kifo. Tshombe alipokea, Munongo akatunga uongo. Mwaka 1966 Mobutu yule yule alimtangaza Lumumba kuwa shujaa wa taifa, na umma ukapiga makofi. Nyimbo za kuwalaani Wazungu zilimfaa sana Mobutu kwa miaka mingi, kwa sababu hakuna aliyekuwa akiuliza ni nani aliyemfunga kamba marehemu.

Umoja wa Mataifa je? Unatetewa kuwa haukuwa na mamlaka ya kuingilia. Mwanzoni mwa Septemba 1960, Rais Kasavubu alipomfukuza Lumumba kazi, mwakilishi wa Umoja huo, Andrew Cordier, alifunga viwanja vya ndege na redio ya Léopoldville. Lumumba akakosa sauti, huku Kasavubu akiwa na redio ya Brazzaville ng'ambo ya mto. Baadaye, Lumumba alipokuwa akikimbilia Stanleyville, ngome ya wafuasi wake, amri kwa askari wa Umoja huo ilikuwa kutoingilia kati yake na waliokuwa wakimkimbiza. Mamlaka ya kufunga redio walikuwa nayo.

"Alikuwa Mkomunisti, wangefanyaje?" Julai 1960 Lumumba alikwenda Washington kwanza, akaonana na Waziri wa Mambo ya Nje Christian Herter na kuomba msaada. Kabla ya hapo alikuwa ameshasaini makubaliano na mfanyabiashara wa Kimarekani ya kuendeleza madini na umeme, kwa haraka ambayo hata marafiki zake waliiona ya ajabu. Ndege na malori ya Wasovieti yalikuja baada ya Katanga kumponyoka na Umoja wa Mataifa kukataa kumrudishia kwa nguvu. Dulles mwenyewe alikiri kwenye televisheni mwaka 1962 kwamba hatari ya Wasovieti nchini Kongo walikuwa wameikuza kupita kiasi. Lumumba alikuwa ameshakufa.

Dai kwamba aliuawa kwa ajili ya urani nalipita haraka. Mgodi wa Shinkolobwe, huko Katanga, ulitoa sehemu kubwa ya urani ya bomu la Hiroshima, ni kweli, ila ulifungwa mwaka ule ule wa uhuru. Mwaka 1960 mali ya Katanga ilikuwa shaba na kobalti, na kodi za kampuni ya Union Minière ndizo zilizomlipia Tshombe askari wake. Wala haikuwa siri. Ilikuwa kwenye magazeti.

Linabaki dai la wanaojiona wajuzi kuliko wote: ukweli hatutaujua kamwe. Mwandishi wa Kibelgiji Ludo De Witte alichimba nyaraka za nchi yake mwenyewe, akatoa kitabu mwaka 1999, na tume ya bunge ikazaliwa kutokana nacho. Soete aliyasema aliyotenda kwa mdomo wake. Mwaka 2016 polisi walilichukua jino nyumbani kwa binti yake. Juni 20, 2022 likakabidhiwa kwa familia mjini Brussels, na Juni 30 likazikwa Kinshasa. Watoto wa Lumumba walikuwa wamefungua mashtaka tangu 2011, na katika malalamiko yao waliwataja Wabelgiji kwa majina. Juni 2025 waendesha mashtaka wa Brussels waliomba mwanadiplomasia mmoja wa zamani apelekwe mahakamani. Alikana. Alikuwa na miaka 92, wa mwisho aliyekuwa hai kati ya waliotajwa. Wenzake wote walikuwa wameshakufa bila kupandishwa kizimbani.