Pensheni ya mtumishi aliyefukuzwa: ni haki yake au ni hisani ya serikali?

KILA inapofika Mei Mosi, masikio ya watumishi wa umma wa Tanzania huwa kwenye nyongeza ya mshahara. Ndivyo ilivyokuwa hata Mei 1, 2022 mjini Dodoma. Lakini siku ile Rais Samia Suluhu Hassan alitamka jambo jingine ambalo kwetu lina uzito mkubwa zaidi: wale walioondolewa kazini kwa vyeti feki warudishiwe michango yao ya hifadhi ya jamii. Waliokuwa PSSSF warudishiwe asilimia 5 waliyokuwa wakikatwa, na waliokuwa NSSF asilimia 10.

Wengi walishangilia, na sisi tulifurahi. Tulio nje tunaijua sura ya pili ya habari hii, maana kuanzia mwaka 2017 simu zilikuwa zikiita: shemeji hana kazi, mama mdogo ameachishwa hospitali, ada za watoto zimekwama. Lakini baada ya furaha tunauliza: fedha iliyokatwa kwenye mshahara wa mtu inawezaje kungoja miaka mitano hadi Rais aonee huruma?

Tukumbushane ilivyokuwa. Aprili 28, 2017, pale Chuo Kikuu cha Dodoma, Rais John Magufuli alikabidhiwa ripoti ya uhakiki wa vyeti vya watumishi 400,035. Kati yao 9,932 walionekana na vyeti vya kughushi. Vyeti vingine 1,538 vilikuwa na utata, kwani vilitumiwa na watu 3,076, yaani kila cheti kimoja kina wenyewe wawili. Amri ilitoka palepale kwamba wenye vyeti feki waondoke, na atakayebaki baada ya Mei 15 apelekwe mahakamani. Wanasiasa uhakiki ule haukuwagusa, kwa maelezo kwamba kwao kinachotakiwa ni kujua kusoma na kuandika tu. Hilo tuliache kwa leo.

Hatuwatetei walioghushi. Kila aliyeingia kazini kwa cheti cha mwenzake alimziba njia kijana aliyefaulu kwa jasho lake. Lakini msomaji aangalie utaratibu. Kughushi ni kosa la jinai, na jinai huamuliwa na hakimu. Hawa waliambiwa wachague kuondoka kimya au kwenda mahakamani. Karibu wote wakaondoka, kwa hiyo hawakutiwa hatiani na mahakama yoyote, na bado mafao yao yakazuiwa kana kwamba walihukumiwa. Wako waliokata rufaa na kurudishwa kazini baada ya vyeti vyao kuonekana halali. Orodha inayoweza kukosea haiwezi kuwa hukumu.

Sasa tuje kwenye hesabu, maana ndiko kwenye kidonda. Katika mfuko wa watumishi wa umma mtumishi huchangia asilimia 5 ya mshahara na mwajiri asilimia 15. Tuchukue mfano wa mtumishi mwenye mshahara wa Sh500,000 kwa mwezi, na kwa urahisi tuseme haukupanda kwa miaka 20. Yeye alikatwa Sh25,000 kila mwezi, jumla Sh milioni 6. Serikali ilimchangia Sh75,000, jumla Sh milioni 18. Kwa agizo la 2022, mtu huyu anapata zile milioni 6 na milioni 18 hazioni. Kama angestaafu salama, miaka 20 ingemvusha miezi 180 ya kuchangia inayohitajika ili alipwe pensheni ya kila mwezi hadi kufa kwake.

Upande wa serikali una hoja: ajira iliyopatikana kwa udanganyifu haizai haki. Hoja hiyo si nyepesi, lakini haielezi kila kitu. Watoto walifundishwa, wagonjwa walichomwa sindano, na mwisho wa mwezi serikali ilikiri kazi imefanyika kwa kulipa mshahara. Mshahara ule haukudaiwa urudi. Iweje mchango wa mwajiri, ambao ni sehemu ya ujira uliocheleweshwa tu, uonekane wa mwizi?

Sisi tunaona tatizo ni la fikra za zamani. Kwenye sheria za kikoloni pensheni ilikuwa zawadi kwa mtumishi mtiifu, hakuchangia chochote. Sheria ya Pensheni ya Kenya, Sura ya 189, ilisema wazi katika kifungu cha 5 kwamba hakuna ofisa mwenye haki kamili ya pensheni. Zawadi unaweza kuizuia. Lakini Tanzania iliachana na utaratibu huo kwa sheria ya mafao ya watumishi ya 1999, na Kenya nayo ikaanza mfuko wa kuchangia Januari 2021, mtumishi asilimia 7.5 na serikali 15. Kilichobadilika ni makato. Wakubwa bado wanazungumza kama watoa zawadi.

Huku ughaibuni nako wamewahi kuteleza. Alger Hiss, aliyekuwa ofisa wa Wizara ya Mambo ya Nje ya Marekani, alitiwa hatiani mwaka 1950 kwa kusema uongo chini ya kiapo. Mwaka 1954, kwa hasira, Bunge la nchi hiyo likatunga sheria ya kuwanyima pensheni watumishi wa aina yake. Mwaka 1961 likaipunguza makali, ikabaki hasa kwa makosa ya usalama wa taifa, na mwaka 1972 mahakama ikaamua Hiss arudishiwe pensheni yake kwa sababu sheria haiwezi kurudi nyuma kumwadhibu mtu. Na hata anayepoteza pensheni kwa sheria hiyo hurudishiwa michango yake mwenyewe. Kwao jambo hilo limeandikwa sheriani, halingoji sherehe uwanjani.

Aliyeiba mali ya umma ashtakiwe, na akipatikana na hatia alipe fidia. Tanzania ina Sheria ya Mali Zitokanazo na Uhalifu tangu 1991, inayoruhusu mahakama kutaifisha alichopata kwa uhalifu. Hapo adhabu inalingana na kosa. Kumnyima pensheni hakupimi chochote: aliyechukua laki moja akiwa na miaka 30 kazini anapoteza zaidi ya aliyechukua milioni mia akiwa na miaka mitatu, na mke wake na watoto wanalipa naye.

Siku hizi Bunge lina nguvu nyingi kwenye mjadala wa kikokotoo, asilimia 33 au 40 ya mkupuo. Wabunge wakifungua tena sheria hiyo, waweke humohumo vifungu viwili: kwamba michango ya mtumishi hairuhusiwi kushikwa kwa sababu yoyote, na kwamba sehemu ya mwajiri haizuiwi bila hukumu ya mahakama inayotaja kiasi na sababu. Na waseme vilevile juu ya zile asilimia 15 za walioondoka mwaka 2017 bila hukumu: zilikwenda wapi, na kwa kifungu gani.