Oda Iliyokwama Isemwe Mapema

Wifi yangu anauza vitenge na kushonesha sare Yeoville, hapa Johannesburg, mtaa ambao Wakongo na wengine tunaosema Kiswahili tunauzoea haraka. Ana vijana wawili wanaozunguka makanisani kutafuta oda. Kabla ya Pasaka, kila Jumatatu alimwuliza mmoja wao, "Ile kwaya vipi?" Kwa wiki 6 jibu lilikuwa, "Bado kidogo tu, dada." Wifi akanunua vitambaa vya sare 40 kwa kutegemea neno hilo. Kumbe mhazini wa kwaya aliacha kupokea simu tangu wiki ya pili. Vitambaa viko chini ya kitanda mpaka leo, na ada ya mtoto ililipwa kwa mkopo.

Nilimkuta amefura kwa hasira. Nikamwuliza, "Kijana alipokuletea habari mbaya mara ya mwisho, ulimfanyaje?" Akanyamaza. Alikuwa amemfokea mbele ya wateja.

Sisi wauguzi hatungoji mgonjwa azimie. Mwaka 2012 Royal College of Physicians ya Uingereza ilitoa jedwali la alama za tahadhari liitwalo NEWS. Linapima vitu 6: upumuaji, oksijeni, presha, mapigo ya moyo, joto la mwili na fahamu. Jumla ikifika 5, daktari anaitwa haraka. Ikifika 7, ni dharura. Uzuri wake ni kwamba muuguzi mdogo hahitaji ujasiri; namba ndiyo inayoita. Daktari akija akakuta mgonjwa hajambo, aliyeita hapaswi kufokewa. Akifokewa mara moja, kesho hataita.

Tukamwandikia wifi alama zake kwenye daftari. Wiki mbili zimepita tangu bei ikubaliwe na arbuni haijalipwa: alama 1. Simu mbili hazikupokelewa: 1. Tarehe imesogezwa: 1. Tunayeongea naye siye mwenye kushika fedha: 1. Zikifika 2, kijana anasema siku hiyo hiyo, hangoji Jumatatu. Bila arbuni, kitambaa hakinunuliwi. Na swali la Jumatatu sasa ni, "Ipi imekwama, nikusaidie wapi?" Jibu la kwanza la wifi, liwe liwalo, ni asante.

Wiki ya tatu kijana alileta oda mbili zenye alama 2. Moja waliiacha. Ya pili wifi aliifuata mwenyewe kanisani, akakuta wana uwezo wa sare 15, si 30 kama walivyosema mwanzo. Akarudi na arbuni mkononi.

Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua, nasi humlaumu mfichaji. Lakini wewe mwenye duka, au mzazi mwenye mwanafunzi huku ugenini, kabla hujauliza kwa nini hukuambiwa mapema, kumbuka aliyekuambia mara ya mwisho aliondokaje mbele yako.