Neno Litialo Ujasiri



Katika ofisi nyingi za parokia zetu, na hata katika nyumba za viongozi wa walei, hukosi kuona ukutani maneno mazuri yaliyoandikwa kwa rangi: maneno ya kuhimiza uvumilivu, ya kuliwaza waliochoka, ya kuahidi kwamba usiku hauna budi kukucha. Siku hizi maneno hayo hayo hutumwa kwa simu kila asubuhi, na kabla jua halijawa kali yamekwisha kuwafikia watu mia. Siyadharau. Mgonjwa aliyelazwa huweza kuibeba siku nzima kwa sentensi moja. Lakini nimejiuliza mara nyingi: mbona tumezungukwa na maneno mengi ya ujasiri, na ujasiri wenyewe tunauona kwa nadra? Mjane anyang'anywapo shamba, mbona baraza zima huinamisha macho?

Jibu lililonitosheleza nimelipata katika historia ya Malawi, nchi ambayo watu wake walilishwa maneno mazuri kwa muda mrefu kuliko sisi.

Malawi ilipata uhuru mwaka 1964, na mwaka 1971 Dakta Hastings Kamuzu Banda alitangazwa kuwa Rais wa maisha. Chama kilikuwa kimoja tu. Asiye na kadi yake aliweza kuzuiliwa sokoni au kushushwa katika basi. Utawala huo ulisimama juu ya nguzo nne zilizotajwa kila mahali: Umoja, Uaminifu, Utii na Nidhamu. Nani atasema kwamba maneno hayo ni mabaya? Yangeweza kuandikwa hata juu ya mlango wa seminari. Yalihubiriwa mikutanoni, akina mama wakayachezea ngoma mbele ya Rais, na wakati huo huo watu walitiwa kizuizini bila kuhukumiwa, na vitabu na magazeti yakapitia mikononi mwa wakaguzi wa serikali. Mashahidi wa Yehova, ambao dhamiri yao iliwakataza kununua kadi ya chama, walipigwa marufuku mwaka 1967, na mwaka 1972 maelfu yao wakakimbilia nchi za jirani. Wakati huo makanisa makubwa hayakusikika yakiwatetea hadharani. Nalisema hili ili tusije tukadhani kwamba habari inayofuata ni ya watu waliozaliwa mashujaa.

Tarehe 8 Machi 1992, Dominika ya kwanza ya Kwaresima, barua ya kichungaji ilisomwa katika makanisa ya Kikatoliki nchini kote. Nakala 16,000 zilikuwa zimepigwa chapa kwa siri na kupelekwa parokiani. Chini yake palikuwa na majina saba, likitangulia la Askofu Mkuu James Chiona wa Blantyre. Barua ilianza na utu wa mtu, aliyeumbwa kwa sura ya Mungu. Kisha ikashuka moja kwa moja hadi mambo ya kila siku: wanafunzi waliosongamana madarasani, hospitali zilizoelemewa, mishahara isiyomtosha mfanyakazi, rushwa, pengo kati ya matajiri wachache na maskini wengi, na hofu inayomzuia mtu kutoa maoni yake. Ilitumia na methali ya wenyeji isemayo kwamba kichwa kimoja hakibebi paa. Kila Mmalawi alielewa ni kichwa gani kinachosemwa.

Ndugu msomaji, tazama jambo hili vizuri. Katika orodha hiyo hamna habari mpya hata moja. Mama aliyesimama nyuma ya kanisa alijua kwamba zahanati haina dawa kabla Maaskofu hawajashika kalamu. Mfanyakazi hakuhitaji kuambiwa na Askofu Mkuu kwamba mshahara wake hautoshi. Barua haikuwafundisha lolote la kujua. Ilichukua yale ambayo kila mmoja alinong'ona chumbani mwake, ikayasoma mchana, mahali ambapo kila aliyesikia alimwona jirani yake naye akisikia. Hofu hustawi kwa sababu kila mtu hudhani yuko peke yake. Palipopigwa makofi siku ile, na yalipigwa, aliyedhani hivyo aligeuka akaona benchi zima linampigia makofi.

Tena barua ilikuwa na majina. Kijikaratasi kisicho na mwenyewe huweza kusema kweli tupu, lakini humwachia msomaji hatari yote. Hawa saba waliitanguliza miili yao. Siku mbili baadaye waliitwa polisi wakahojiwa kwa saa nyingi. Barua ikatangazwa kuwa ya uchochezi, hata kuwa nayo likawa kosa. Tarehe 11 Machi wakuu wa chama walikutana, na katika mkutano huo kukazungumzwa waziwazi juu ya kuwaua Maaskofu. Mazungumzo hayo yalivuja, ulimwengu ukayasikia. Monsinyori John Roche wa Mzuzu, mzaliwa wa Ireland, alifukuzwa nchini mwezi wa Aprili. Aliyeihifadhi nakala yake chini ya godoro alijua kwamba walioiandika wako katika hatari ile ile, na kubwa kuliko yake.

Yaliyofuata nitayataja kwa ufupi. Wanafunzi wa Chuo Kikuu waliandamana, wafanyakazi wa Blantyre wakagoma mwezi wa Mei, na damu ikamwagika. Wapresbiteri nao wakapaza sauti. Tarehe 14 Juni 1993 ilifanyika kura ya maoni, na karibu theluthi mbili ya wapiga kura wakachagua vyama vingi. Mwaka uliofuata Dakta Banda akashindwa katika uchaguzi. Sidai kwamba karatasi peke yake ilifanya hayo yote. Nchi wahisani zilikuwa zimesimamisha misaada, na dunia yenyewe ilikuwa imebadilika. Wala umaskini wa Malawi haukuondoka na Dakta Banda. Ila naamini kwamba pasipo asubuhi ile ya Kwaresima mengine yangechelewa sana.

Hapa Kenya mwaka huo huo wa 1992, mapigano ya kikabila yalipokuwa yakichoma nyumba katika Bonde la Ufa, Maaskofu wetu nao waliandika. Tangu hapo wameandika mara nyingi, na kila Kwaresima Tume yetu hutoa kijitabu cha kutafakari katika Jumuiya Ndogo Ndogo. Kwa hiyo hatuwezi kusema kwamba tumekosa maneno. Tatizo liko kati ya kabati la sakristia na masikio ya waamini, na hapo ndipo tunaposimama sisi viongozi wa walei. Najua, kwa kuwa nimesimama hapo.

Miaka kadhaa iliyopita nilipewa barua ya kichungaji niisome baada ya Komunyo, kwa kuwa Padre alikuwa na Misa nyingine kigangoni. Niliipitia usiku. Aya ya nne ilihusu mashamba ya wanyonge yanayochukuliwa kwa hati za hila, na viongozi wanaofumba macho. Asubuhi nilipopanda kwenye mimbari nilimwona ofisa wetu wa utawala amekaa benchi la mbele pamoja na familia yake, mtu mpole, aliyekuwa ametuchangia mabati ya kanisa. Nikasoma aya ya kwanza, ya pili na ya tatu kwa sauti nzuri. Kisha nikageuza ukurasa nikaendelea na ya tano, iliyohusu malezi ya vijana. Hakuna aliyenilazimisha. Hakuna aliyenitisha hata kwa jicho.

Mlangoni alinisubiri mama mmoja mjane, ambaye shauri la shamba lake lilikuwa limelala ofisini mwaka wa tatu. Alikuwa amesikia redioni kwamba Maaskofu wameandika juu ya ardhi. Akaniuliza kwa heshima, "Mwalimu, barua yote ni hiyo?" Nikamjibu, "Ndiyo, mama, ni hiyo."

Nimesikiliza mahubiri mengi tangu siku ile, na ukutani kwangu yamo maneno ya kutia moyo kama yaliyomo kwa wengine. Hakuna linalonirudia usiku kama swali lile. Alikuwa hakuja kutafuta habari za shamba lake, kwani hizo alizijua kuliko mtu yeyote. Alitaka kuzisikia zikisomwa mimbarini, majirani wakiwapo, na kwa amri ya Maaskofu. Nami nikamrudisha nyumbani peke yake.

Barua ile ninayo bado, imekunjwa ndani ya kitabu changu cha Misale. Alhamisi hii jioni Jumuiya yetu inasali nyumbani kwa mama huyo. Nimemwomba mwenyekiti anipe nafasi baada ya Injili, naye amekubali. Nitaanzia aya ya nne.