C NA G ZISITUFUNGE KINYWA



Mwenzetu mmoja wa genge la njia aliitwa ofisini kujibu shitaka. Akapewa barua ya Kiingereza, akaambiwa aisome kwa sauti. Alisoma vizuri mpaka akafika kwenye neno "negligence", yaani uzembe. Akatamka "negligenke". Karani akacheka, na mkubwa naye akatabasamu. Tangu hapo mwenzetu hakusema neno. Jawabu alikuwa nalo: vyombo alivyoomba mara mbili havikuletwa. Lakini alipoulizwa, "Umeelewa?" alijibu, "Ndiyo, bwana," akatia sahihi. Nasi tuliokaa kando yake tukanyamaza pia, na mpaka leo twaona haya.

Twasema wazi: mwenzetu si mjinga. Kosa ni la namna tulivyofundishwa. Katika shule ya misheni tuliambiwa C ni k. Tulipokutana na "city" na "cent" tukasoma k, tukachapwa. Hakuna aliyetuambia kwa nini.

Kanuni ya C ni fupi. Tukiiacha "ch", ambayo ni habari nyingine, C ikifuatwa na e, i au y hutamkwa s: "cement", "office", "notice". Ikifuatwa na herufi nyingine, au ikiwa mwisho wa neno, hutamkwa k: "card", "clerk", "contract", "mechanic". Tazama "accident". C ya kwanza yafuatwa na C, basi ni k. Ya pili yafuatwa na i, basi ni s. Yako machache yanayopotoka, kama "soccer", na "official" ambalo lina sauti ya sh, lakini si mengi.

Na kanuni hii masikio yetu yaijua zamani. Waingereza huandika "bicycle" kwa C mbili. Sisi twasema baiskeli, s kwanza, kisha k. Wao huandika "circus", sisi twasema sarakasi. Huandika "garage" kwa G mbili, sisi twasema gereji. Mwalimu angeanza na maneno haya, fimbo ingekaa pembeni.

G hufuata njia hiyo hiyo, ila ni mkaidi zaidi. Katika "goods", "guard" na "signal" ni g ya gari. Ikifuatwa na e, i au y, mara nyingi huwa j: "engine", "wages", "manager". Neno "gauge", yaani upana wa reli, lina zote mbili: geiji. Neno hilo twalisikia sana tangu reli mpya ya milimita 1,435 ilipofunguliwa kutoka Mombasa hadi Nairobi mwaka 2017, maana ile ya kale ni ya milimita 1,000. Lakini "get", "give", "girl" na "gear" hukataa kanuni. Tena "danger" ni deinja, bali "ganger", msimamizi wa genge, hubaki na g kwa sababu latokana na "gang".

Sababu ya mambo haya ipo. Warumi wa kale waliisoma C kama k siku zote. Baadaye sauti yake ikalainika mbele ya e na i katika nchi ya Wafaransa. Wanormani walipoiteka Uingereza mwaka 1066, waandishi wao walileta desturi za Kifaransa. Neno la barafu, lililoandikwa "is", likaja kuandikwa "ice". Neno la mfalme, "cyning", likapewa K, likawa "king", lisije likasomwa kwa s. "Get", "give" na "gear" yalitoka kwa watu wa kaskazini ya Ulaya, hayakupitia kwa Wafaransa. Basi anayejikwaa hapa ajikwaa juu ya vita vya watu wengine. Kuna nini cha kumchekea?

Wengine watasema: tudai Kiswahili, Kiingereza cha nini? Kudai, tudai. Katiba ya mwaka 2010 imezifanya lugha zote mbili kuwa rasmi. Na Sheria ya Ajira ya mwaka 2007, kifungu cha 41, yataka mfanyakazi, kabla hajafukuzwa kwa utovu wa nidhamu, aelezwe sababu kwa lugha anayoielewa, mwenzake au mjumbe wa chama akiwapo. Lakini mtu aliyeshikwa na haya hadai kitu. Husema "Ndiyo, bwana," na haki yake hubaki kwenye karatasi.

Kwa hiyo twaomba halmashauri ya tawi itenge saa moja kila juma, jioni, baada ya kazi. Ubao na chaki vyatosha. Maneno yatoke katika barua zetu wenyewe: "notice", "wages", "grievance", "agreement". Atakayefundisha aseme ukweli, kwamba kanuni ya C haivunjiki mara nyingi, na ya G huvunjika. Na atakayemcheka mwenzake atolewe nje.

"Negligence" liwe somo la kwanza. G ya kwanza yafuatwa na l: ni g. Ya pili yafuatwa na e: ni j. C yafuatwa na e: ni s. Neglijensi. Siku mwenzetu mwingine atakapoitwa ofisini, alisome bila kutetemeka, kisha aseme: "Sikubali, na sababu yangu ni hii."