Mpira utampeleka wapi? Jibu liko Korogwe

Jioni, Chanika, Handeni mjini. Chakula kimeshaandaliwa na watoto wadogo wamekula. Chini ya kitanda cha kijana wa kidato cha pili kuna viatu vya mpira ndani ya kiroba. Mama anajua vilipo. Baba, kwa anavyodhani mama, hajui.

"Baba watoto, mwalimu kapiga simu."

"Kafanya nini tena huyo?"

"Hajafanya kitu. Kachaguliwa timu ya wilaya, UMISSETA. Wanataka ruhusa yetu."

Baba anarudisha tonge kwenye sahani. "Mwaka huu ana mtihani wa taifa. Mpira utampeleka wapi?"

Swali hilo huulizwa kila mwaka majira ya michezo ya shule yanapokaribia, Handeni na Korogwe, mjini na vijijini. Linaulizwa na wazazi wanaowapenda watoto wao. Mahitaji ya shule yametoka kwenye mahindi na machungwa, na mzazi anaogopa jasho lake lisiishie uwanjani. Woga huo una sababu. Lakini swali lenyewe lina jibu moja ambalo watu wa Korogwe wanalifahamu vizuri: Joel Nkaya Bendera.

Vijana wengi wa leo walilisikia jina hilo kwenye taarifa ya habari, likitanguliwa na maneno "Mkuu wa Mkoa". Wazee wao walilisikia zamani, redioni, kwenye mpira.

Mwaka 1979 Tanzania ilikuwa imetoka vitani. Kampala ilianguka mwezi Aprili, na vita vya Kagera vilikuwa vimeikausha hazina ya nchi. Katika mwaka huo mgumu Taifa Stars, Bendera akiwa kocha wake, ilipambana na Zambia kuwania kwenda Fainali za Mataifa ya Afrika. Dar es Salaam ilishinda 1-0. Marudiano yalikuwa Ndola, na huko Zambia ikatangulia kufunga. Zikiwa zimebaki dakika chache, Peter Tino akasawazisha. Matokeo yakawa 1-1, na Tanzania ikapita kwa jumla ya mabao 2-1.

Siku hizi fainali hizo huchezwa na timu 24. Mwaka 1980, kule Lagos, zilikuwa timu nane tu. Stars ilifungwa 3-1 na wenyeji Nigeria, ikafungwa 2-1 na Misri, ikatoka sare ya 1-1 na Ivory Coast, kisha ikarudi nyumbani. Hakuna aliyejua kwamba nchi ingekaa miaka 39 kabla ya kurudi kwenye fainali hizo.

Robo karne baadaye, mwaka 2005, kocha huyo alichaguliwa kuwa mbunge wa Korogwe Mjini. Katika kipindi hicho akawa Naibu Waziri wa Habari, Utamaduni na Michezo. Ni miaka ambayo Uwanja wa Taifa mpya ulianza kutumika Dar es Salaam, na Stars ikaenda Ivory Coast mwaka 2009 kwenye fainali za kwanza za CHAN, za wachezaji wanaocheza ligi za nyumbani.

Mwaka 2010 hakurudi bungeni. Kwa wanasiasa wengi safari huishia hapo. Mwaka uliofuata akapewa Mkoa wa Morogoro, na baadaye Manyara. Hiyo si mikoa ya kupumzikia. Morogoro ina Kilosa na Mvomero, ambako wakulima na wafugaji wamegombea ardhi na maji kwa miaka mingi. Manyara ina Kiteto, jirani wa Kilindi, wilaya iliyomegwa kutoka Handeni. Mzazi wa Handeni hahitaji kuelezwa ugomvi wa shamba na ng'ombe ulivyo, ameuona.

Sasa turudi kwenye swali la baba. Mpira ulimpeleka wapi mwana huyu wa Korogwe? Vyeo ni jibu moja, lakini cheo huja kwa wachache. Jibu linalomhusu kila mzazi ni yale ambayo kazi ya mpira inamzoesha mtu kuyafanya kila wiki.

Kocha ana wachezaji zaidi ya ishirini na nafasi kumi na moja. Kila wiki kuna watu atakaowaambia wakae benchi, na kesho yake anawahitaji waje mazoezini bila kinyongo. Anafungwa mbele ya maelfu ya watu, na wiki inayofuata anasimama mbele ya watu walewale. Anasikiliza lawama za watu ambao hawajawahi kugusa mpira. Mtu aliyeyazoea hayo akikaa kati ya mkulima na mfugaji, kila mmoja akiwa na ushahidi wake na hasira zake, anakuwa ameshajifunza jambo moja ambalo halimo kwenye daftari: kuamua bila kumpendeza kila mtu, na kubaki anasalimiana na wote.

Mtoto naye hupata sehemu ya mafunzo hayo. Kijana aliyewekwa benchi akashangilia timu yake amejifunza kitu. Msichana aliyekosa penalti Jumamosi na kufika mazoezini Jumatatu amejifunza kitu. Na wasichana wasisahauliwe katika hesabu hii: mwaka 2022 Serengeti Girls, mabinti wa chini ya miaka 17, walifika robo fainali ya Kombe la Dunia nchini India. Kila mmoja wao alitoka kwenye nyumba ambayo siku moja iliombwa ruhusa.

Hata hivyo, ruhusa isitolewe kwa macho yaliyofumbwa. Watoto wengi wanaocheza hawatalipwa hata shilingi moja kwa mpira, na elimu inabaki kuwa urithi wao. Kwa hiyo mzazi, kabla ya kusaini, zungumza na mwalimu. Nani anasafiri na watoto, na watalala wapi? Kama ni binti, kuna mwalimu wa kike katika msafara? Akiugua huko, nani atampigia simu mzazi? Masomo atakayoyakosa yatafidiwa lini? Mchango ukiombwa, ni wa nini, na risiti iko wapi? Mwalimu makini hachukii maswali haya.

Kisha zungumza na mtoto mwenyewe. Mpangieni saa za mazoezi na saa za kusoma, na makubaliano hayo yawe yenu wote. Yakivunjwa, mkumbushe makubaliano, usimtukane kwa kipaji chake. Mtoto anayeficha viatu leo atajifunza kuficha na mengine kesho, na mengine hayo hayatakuwa viatu.

Bendera alistaafu ukuu wa mkoa Oktoba 2017. Alifariki dunia tarehe 6 Desemba mwaka huohuo, katika Hospitali ya Taifa Muhimbili. Tarehe 24 Machi 2019 Stars iliifunga Uganda 3-0 Dar es Salaam na kurudi Fainali za Mataifa ya Afrika. Yule aliyekuwa kocha mara ya kwanza hakuwepo kuona. Ndivyo ilivyo hata kwa malezi: mzazi anapanda, anapalilia, na mavuno mengine huvunwa yeye akiwa hayupo. Haimaanishi asipande.

Kule Chanika, baba amenawa mikono. Amekaa kimya muda mrefu, kisha anauliza michezo ni mwezi gani.

"Wa sita. Mtihani ni wa kumi na moja."

"Kesho nitakwenda shuleni mwenyewe, nimsikie huyo mwalimu."

Mama anaanza kukusanya vyombo. Baba anamwita kabla hajatoka.

"Na vile viatu vilivyoko chini ya kitanda havimtoshi tena. Nilivipima juzi."